Mtoto Si Ploti

Mazishi yakiisha, kabla hata tenti na viti havijarudishwa kwa mwenyewe, kuna swali moja ambalo lazima liulizwe kando ya migomba: mtoto ni wa nani? Anauliza mzee wa ukoo. Anauliza shangazi aliyekuja na gari la pili. Anauliza hata jirani ambaye kazi yake siku hiyo ilikuwa kuchambua mchele. Nimelisikia swali hilo mara nyingi hadi nimelichukia. "Wa nani" ni swali la ploti. Ni swali la ng'ombe aliyevuka ua. Ukiuliza hivyo kuhusu mtoto wa miaka mitano, ushaamua kwamba yeye ni kitu chenye mwenyewe, na kazi iliyobaki ni kutafuta hati miliki.

Sheria ya nchi hii haiulizi hivyo. Inauliza nani atamlea, na akikaa wapi atakuwa salama. Maswali haya mawili yanafanana kwa mbali lakini yanaenda njia tofauti kabisa. Na ninavyoona, kesi za ulezi zinazowaumiza watoto huumiza kwa sababu watu wazima huingia mahakamani na lile swali la kwanza, halafu mahakama, kwa adabu nyingi, inawaacha walibebe mpaka mwisho.

Niseme mapema nimesimama wapi, mtu asije akasema nimejificha. Mimi ni mjomba. Mpwa wangu ana miaka mitano. Babake alifariki kwa ajali ya barabarani kabla mtoto hajafikisha mwaka. Mamake, dadangu, aliugua kwa muda mrefu kisha akatuacha. Tangu siku dadangu alipolazwa mara ya kwanza, mtoto amelala kwa shosho yake, yaani mathe wangu, Kayole. Upande wa babake hatukuwaona kwa miaka mitatu. Simu zilikuwepo, Krismasi zilikuwepo. Kisha ikajulikana kwamba kuna pesa za marehemu baba zilizobaki kwa mwajiri wake, na kipande cha ardhi, na akiba ya dadangu kwenye SACCO. Wiki chache baadaye tukaletewa karatasi za korti. Baba mkubwa anaomba awe mlezi.

Sitamtaja mtoto jina, wala herufi za jina. Hukumu za kesi za watoto huchapishwa kwa herufi tu, na hilo ni jambo zuri; ana haki ya kukua bila sisi kumfanya stori ya mtandaoni. Na sitasema baba mkubwa ni mtu mbaya. Nilimwona akilia kaburini kwa ndugu yake, na yale machozi hayakuwa ya kuigiza. Ninachopinga ni hoja yake, kwa sababu hoja yake si yake peke yake. Ni hoja ya nusu ya Kenya.

Hati yake ya kiapo nimeisoma mara tatu. Ina kurasa kumi na moja. Neno "damu" limo. "Jina la ukoo" limo. "Mila na desturi" imo mara nne. Hakuna sentensi hata moja inayosema kwamba mtoto ana pumu, wala kwamba mwezi wa saba, baridi ikishika Nairobi, inhela hulala chini ya mto wa shosho. Haisemi mwalimu wake anaitwa nani. Haisemi kwamba anaogopa blenda, au kwamba hali ugali ukiwa umegusana na sukuma. Kurasa kumi na moja za kumdai mtu, na ukimaliza kuzisoma humjui huyo mtu hata kidogo. Ungebadilisha jina ukaweka la mtoto mwingine yeyote, karatasi ingebaki vilevile.

Hapo ndipo ugomvi wangu ulipo. Wahenga walishatuambia kuzaa si kazi, kazi ni kulea. Tunaisema methali hiyo kwenye harusi na mahafali, tukifika kortini tunaikunja tunaweka mfukoni, tunatoa ile nyingine ya damu kuwa nzito kuliko maji. Sawa, damu ni nzito. Lakini damu haiamki saa tisa usiku kupima homa.

Na tuangalie sheria yenyewe, kwa sababu watu wengi wanaogombana hawajawahi kuifungua. Kifungu cha 53 cha Katiba ya 2010 kinasema maslahi ya mtoto ndiyo yenye uzito mkubwa zaidi katika kila jambo linalomhusu. Kila jambo, bila kuongeza "isipokuwa ukoo ukikasirika." Sheria ya Watoto ya 2022, iliyochukua nafasi ya ile ya 2001, inaendeleza hapo hapo, na inatoa orodha ya mambo ya kupimwa: umri wa mtoto na mahitaji yake, uhusiano wake na watu wanaomzunguka, amekaa alipo kwa muda gani na kuna faida gani kuendelea kukaa hapo, anapenda nini kama amefikia umri wa kusema, na hata nia ya hao wanaomgombea. Nia! Sheria yenyewe inamruhusu hakimu kumuuliza mtu mzima: wewe, kwa nini unamtaka, na kwa nini leo?

Sasa tuongee pesa, kwa sababu sisi tukizungumza mambo haya tunajifanya pesa ni jambo la aibu, hali ndiyo imekaa katikati ya chumba imekunja nne. Kuna watoto ambao ukoo uliwakana kabisa: "huyo kijana wetu hakulipa mahari, mtoto ni wa kwenu." Miaka inapita, baba anafariki akiwa na pesa mahali, na ghafla mahari ambayo haikulipwa haina maana tena, mtoto ana pua ya babu yake, kila mtu anaiona. Mimi sijui pua huwa inakaa wapi hiyo miaka yote.

Dawa ya ugonjwa huu ipo na haihitaji Bunge. Sheria inaruhusu mahakama kumteua mlezi wa mtoto mwenyewe na kumteua mtu tofauti wa kuangalia mali yake. Si lazima anayemwogesha mtoto ndiye ashike kitabu cha benki. Sheria ya Urithi, Sura ya 160, nayo inasema fungu la mtoto liwekwe kama amana hadi afikishe miaka 18, na palipo na amana ya aina hiyo, usimamizi wa mirathi isiyo na wasia hauachiwi mtu mmoja peke yake. Yuko pia Mdhamini wa Umma. Vifaa vyote viko kwenye boksi.

Kwa hivyo pendekezo langu la kwanza ni hili: katika kila kesi ya ulezi kati ya jamaa, jambo la mahali pesa zitakapokaa liamuliwe mwanzo kabisa, kabla mtu yeyote hajafungua mdomo kuhusu damu. Hakimu aseme wazi, siku ya kwanza: pesa za mtoto zinaenda kwenye amana, wasimamizi ni hawa wawili, kila shilingi itatolewa risiti, na mlezi hatapata hata nauli kutoka humo bila idhini. Kisha hakimu anyanyue kichwa atazame chumba, aone ni nani bado amekaa kwenye benchi.

Najua utaniambia hicho ni kipimo cha Suleimani. La, na hadithi ya Suleimani nina shida nayo. Sote tumeisikia, kanisani au madrasa au kwa nyanya: wanawake wawili, mtoto mmoja, mfalme anaitisha upanga. Anayesema "basi mpeni yeye, msimkate" ndiye mama wa kweli. Hadithi tamu. Bertolt Brecht aliichukua hadithi ya namna hiyo akaandika tamthilia ya mduara wa chaki, ambamo hakimu mlevi anampa mtoto mfanyakazi aliyemlea badala ya mama mzazi aliyemwacha wakati wa machafuko. Nampenda Brecht kwa hilo. Lakini hata kwake, anayeshinda ni yule aliyekataa kuvuta.

Hadithi hizo zimetufundisha kwamba upendo ni kuachilia. Na katika familia zetu somo hilo limegeuka kuwa fimbo ya kuwapigia wanawake wazee. "Mama, kama unampenda huyu mtoto, muachilie aende kwao." "Shosho, usimpeleke mtoto kortini, utamuumiza." "Wewe ni mtu wa kanisa, unagombania nini?" Mathe ameambiwa maneno hayo na watu wenye heshima zao, wengine wakiwa wameshika Biblia. Wanasahau jambo moja. Katika hadithi, anayeachilia anashinda kwa sababu mfalme anamtazama. Kayole hakuna mfalme. Ukiachilia, umeachilia. Mtoto anabebwa na begi lake jioni ile, na hakuna anayesema ngoja, huyu ndiye mwenye upendo. Shosho anayekataa kuachilia, anayejaza fomu kwa mwandiko wa darasa la saba na kupanda matatu mbili kwenda kutajwa kwa kesi, hajakosa upendo. Amekataa mchezo ambao kanuni zake ziliwekwa na wasiofua nepi.

Na hapo kwenye kutajwa, mahakama nazo zibebe mzigo wao. Kesi inatajwa. Wakili wa upande huu hajapata karatasi. Inatajwa tena. Ripoti ya afisa wa watoto haijawa tayari. Inatajwa tena. Hakimu amehamishwa. Kifungu cha 159 cha Katiba kinasema haki isicheleweshwe, lakini kalenda za korti hazijasoma Kifungu cha 159. Kwa mtu wa miaka arobaini, miezi 18 ni ligi moja na nusu. Kwa mtoto wa miaka mitano, ni karibu thuluthi ya maisha aliyowahi kuishi. Katika muda huo amebadilisha meno, amejifunza kusoma, ameanza kuuliza kwa nini kila mtu anaongea kwa sauti ya chini akiingia sebuleni. Kuchelewa kwenyewe ni uamuzi, na uamuzi huo hautiwi sahihi na mtu yeyote.

Kuna majibu matatu ambayo huwa narudishiwa nikisema haya, na yote yana uzito.

La kwanza: ukisema mtoto akae na aliyekuwa naye, si unawapa zawadi watekaji? Mtu anamchukua mtoto siku ya mazishi, anamficha ushago mwaka mzima, halafu anakuja kortini na kusema "mtoto ashanizoea." Kweli kabisa, hilo hutokea, na linafanywa na pande zote, hata upande wa akina mama. Ndiyo maana sisemi mtoto ni wa aliyemshika. Nasema tuangalie rekodi ya malezi, na rekodi huanza kabla ya ugomvi. Nani alikuwa anampeleka kliniki kabla mtu hajafa? Jina la nani limo kwenye kile kijitabu cha chanjo na kwenye daftari la shule? Nani alipigiwa simu mtoto alipoanguka kwenye bembea? Mtekaji ana mwaka mmoja wa kuficha. Mlezi ana ushahidi uliotawanyika kwa mwalimu, kwa daktari, kwa mama wa duka anayejua mtoto anatumwa maziwa ya nani.

La pili: shosho ni mzee, na hana kitu. Afisa alipotembelea nyumba yetu alihesabu vyumba. Viwili. Kule kwingine ni vinne na uwanja wa kuchezea. Najua vyumba si upuuzi. Mtoto anahitaji kulala vizuri. Lakini kama nafasi ndiyo kipimo, basi tuwe wakweli tuseme watoto wa Kayole, Mathare na Kibera wote wahamishiwe Karen wakalelewe huko. Mwongozo wa Umoja wa Mataifa kuhusu malezi mbadala, wa 2009, ulishasema umaskini peke yake usiwe sababu ya kumtoa mtoto mikononi mwa wazazi. Uwe ishara kwamba familia hiyo inahitaji kusaidiwa. Kwa nini mantiki hiyo iishie kwa wazazi, isimfikie nyanya aliyeshika nafasi yao? Nchi hii ina mpango wa Inua Jamii unaotoa shilingi 2,000 kwa mwezi kwa wazee na kwa nyumba zinazolea mayatima. Ni pesa kidogo, lakini ni serikali ikikubali kwamba anayelea bila uwezo anastahili kuongezewa nguvu. Na kuhusu umri: ndiyo, mathe atakufa siku moja. Ndiyo maana kwenye maombi yetu kuna jina la pili, langu, mlezi mwenza. Uzee unahitaji mpango wa akiba. Hauhitaji kufukuzwa kazi.

La tatu ndilo gumu zaidi: mtoto asiyejua kwao atapotea. Atataka kujua jina lake limetoka wapi. Atataka ardhi. Wengine wetu mjini tunacheka mambo haya hadi siku ya kuoa, siku ya kuzika. Sitaki kucheka. Mtoto ana haki ya kujua upande wa babake, nyimbo zao, makaburi yao, shamba lao. Lakini kujua kwao na kukabidhiwa kwao ni vitu viwili. Likizo ipo. Wikendi zipo. Amri ya kutembeleana ipo, na mimi ningekuwa wa kwanza kumpeleka mtoto steji ya basi. Ukoo unaotaka kumfundisha mtoto mila una kila nafasi. Unaokataa kumfundisha mpaka akabidhiwe kwanza unatuambia kitu kuhusu hizo mila.

Nchi hii inajua ukoo unaweza kushinda kortini. S.M. Otieno, wakili wa Nairobi, alifariki Desemba 1986, na kwa miezi kadhaa mjane wake Wambui na ukoo wa Umira Kager walipigania mwili wake mahakamani. Nchi nzima ilifuatilia. Mei 1987 akazikwa Nyalgunga, ukoo ukiwa umeshinda. Unaweza kubishana na uamuzi huo hadi kesho. Lakini maiti hailii usiku ikitafuta kitanda chake cha zamani. Hoja za mila zilizozoea kugombea wafu hazitoshi kugombea mtu anayepumua kwa shida mwezi wa saba. Na Katiba ilishaweka mpaka: njia za jadi za kusuluhisha zinakaribishwa, mradi zisikanyage haki za mtu. Wazee wakae chini ya mti, wapatanishe, wanywe chai. Kugawa mtoto hapana.

Nataka nini basi? Kwa mahakama: pesa zitengwe siku ya kwanza, tarehe ziwe fupi na zisiahirishwe kwa sababu za karani, na swali la kwanza kwa kila anayeomba ulezi liwe la mtihani mdogo. Taja mwalimu wake. Taja dawa yake. Taja anachoogopa. Ukifeli, hufukuzwi, lakini unakaa benchi ya nyuma mpaka ujifunze. Kwa serikali: Sheria ya Msaada wa Kisheria ipo tangu 2016. Hebu basi shosho asiingie korti ya watoto bila wakili huku mwenzake ana wawili.

Na kwako wewe unayesoma hii kwa simu, una miaka 28, una mtoto, una picha zake elfu tatu kwenye galari. Je, umeandika mahali popote ni nani atamlea ukiondoka? Sheria inakuruhusu kumteua mlezi kwa wasia. Karatasi, sahihi yako, mashahidi wawili ambao hawanufaiki na wasia huo, na nakala kwa mtu unayemwamini. Ati utaleta mkosi? Dadangu alikuwa na miaka 31 na aliogopa mkosi huo huo. Hiyo karatasi moja ingemnyamazisha mtu mwenye kurasa kumi na moja, au angalau ingemlazimu aanze kwa kujibu sauti ya mama.

Kesi yetu inatajwa tena mwezi ujao. Sijui itaishaje. Najua tu kwamba siku hakimu atakapouliza mtoto ni wa nani, kama atauliza hivyo, nitaomba ruhusa kusimama, na nitasema: mheshimiwa, huyu si wa mtu. Sisi ndio tunaotakiwa kuthibitisha kama tu wake.